Askari wa mstari wa mbele hakai bure

Ndugu Mhariri,

Gazeti lako lilipoandika juu ya vita vya Kongo, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, mwandishi alisema kwamba kwa majuma kadhaa hapajawa na mapigano, na kwamba askari wa pande zote mbili wamekaa tu. Neno hilo limezua ubishi kijiweni kwetu hapa Mwanga, mjini Kigoma, ambapo meza moja ya kahawa ina watu waliostaafu jeshini wakiwa walinzi, wapishi, matabibu, mafundi wa redio na watunza stoo. Tumekubaliana jambo moja, na kwa wazee hawa kukubaliana ni habari tosha: risasi zikinyamaza ndipo kazi inapozidi. Tunaomba nafasi tueleze siku ya mstari wa mbele inavyokwenda, maana kazi hizo zikilala, boti za wakimbizi zinatia nanga kwetu.

Siku huanza gizani. Nusu saa kabla ya kupambazuka kila mtu yumo handakini mwake, amevaa, bunduki mkononi, hakuna anayekohoa wala kuwasha sigara. Adui anayetaka kushambulia hupenda kusogea usiku asionekane, kisha apigane pakiwa na mwanga wa kumwezesha kulenga, kwa hiyo saa ya hatari ni ile giza linapoachia. Huku kwetu mpambazuko ni mfupi, kama dakika 20 hivi, hivyo anayeamka na jua amechelewa. Jua la Kigoma huchomoza karibu na saa moja asubuhi. Kalemie, mji wa ng'ambo upande wa Kongo, ni jua hilo hilo, ila saa yao iko nyuma ya yetu kwa saa moja. Wakati huo kamanda wa seksheni, yaani kikundi cha watu 10, hupita akitambaa handaki kwa handaki. Anahesabu watu, na anaweka kiganja kwenye shingo ya kila mmoja kujua nani ana homa. Jioni, jua likizama, zoezi lile lile hurudiwa.

Kukishakucha, watu watatu au wanne hutoka mbele kukagua nyasi na seng'enge. Hapa wageni huwa hawaelewi kinachotafutwa. Nyasi zilizolala na umande asubuhi huonekana kama zimepakwa chokaa. Alikopita mtu usiku, umande umepukutika, na panabaki mchirizi wa kijani kibichi unaoonekana hata kwa mita 50. Jua likipanda mkono mmoja juu ya mlima mchirizi umefutika, kwa hiyo doria inayochelewa kwa sababu ya uji hurudi na taarifa kwamba hakuna kitu. Usiku unaofuata watu wanashangaa adui ameijuaje njia.

Usafi wa silaha hufuata, na kanuni yake ni kwamba hazifunguliwi zote kwa pamoja. Kwenye handaki la watu wawili, mmoja akifungua SMG yake (bunduki ya aina ya AK) mwenzake anabaki ameshika ya kwake tayari. Hutolewa magazini kwanza, chemba inakaguliwa kwa jicho na kwa kidole, kisha ufito wa kusafishia, mfuniko wa juu, springi, boliti na kibebeo chake, mwisho bomba la gesi. Vipande hupangwa juu ya kitambaa kwa mfuatano huo huo, ili kurudisha iwe ni kuanzia mwisho kwenda mwanzo hata kama ni gizani. Watu huisifu bunduki hii kuwa haigomi. Hugoma. Mara nyingi tatizo liko kwenye magazini: midomo yake ya bati imepinda kwa kuangushwa, au mchanga umeingia chini ya springi na risasi hazipandi. La pili ni mafuta mengi. Kuruta hudhani bunduki inayong'aa ndiyo safi, kumbe kiangazi mafuta yale hukamata vumbi yakawa uji wa mchanga ndani ya boliti. Mafuta hupakwa kisha yakafutwa, ukabaki utelezi unaousikia kwa ncha ya kidole. Risasi zenyewe hufutwa kwa kitambaa kikavu, hazipakwi kitu.

Sasa maji, ambayo ndiyo yametufanya tuandike barua ndefu.

Chukua kombania ya watu 100 iliyokaa mlimani. Mtu anayechimba na kubeba juani anahitaji si chini ya lita 5 za kunywa kwa siku. Ongeza lita 3 za kupikia na kunawa mikono, wala hatujataja kuoga. Hizo ni lita 800, yaani madumu 40 ya lita 20, kila siku, Jumapili ikiwemo. Dumu lililojaa lina kilo 20 na ushee. Tuseme kisima kiko bondeni, dakika 40 kushuka na saa moja na nusu kupanda. Mtu mmoja akienda safari mbili, ukimwongezea muda wa kuchota, ameanza saa moja asubuhi na anamaliza karibu saa sita mchana. Wanahitajika wabebaji 20. Aliyebeba dumu hawezi kutumia bunduki kwa haraka, kwa hiyo wanahitaji walinzi wasiopungua 6 wasiobeba chochote. Robo ya kombania imekwisha kabla ya chakula cha mchana, na hakuna aliyefyatua hata risasi moja. Huyo ndiye askari "aliyekaa tu".

Pana na hatari ambayo haina dawa kamili. Kamanda anaweza kubadili saa ya kwenda na njia ya kupita, lakini kisima hakihami. Adui akishajua mnapochota, hana haja ya kupanda mlima wenu. Ndiyo maana vikosi vyenye akili huweka akiba ya siku mbili juu mlimani, ili siku ya wasiwasi pawezekane kutoshuka kabisa. Wengi hawaiweki, kwa kuwa akiba ya siku mbili ni madumu 80 na hakuna anayetaka kuyapandisha.

Anayedhani tunatia chumvi atazame milima inayoonekana kutoka Kibirizi jioni anga likiwa safi. Aprili 1965 Che Guevara, mwanamapinduzi aliyekuja na wapiganaji wa Kuba, alivuka ziwa kutoka hapa Kigoma usiku, akatua Kibamba, ufukwe wa Kongo, kuungana na wapiganaji wa mashariki ya Kongo. Wengi wa kijiweni wanajua kwamba huko aliitwa Tatu. Kambi kuu ilikuwa juu mlimani na mizigo ilikuwa ikitua ufukweni, chakula, silaha na dawa vikirundikana bila mpangilio. Wapiganaji waliambiwa wapandishe mizigo wakajibu kwamba wao si malori. Waliambiwa wachimbe mahandaki wakaogopa kuingia kwenye mashimo yaliyochimbwa ardhini. Novemba mwaka huo huo Wakuba walirudi Kigoma, kazi imewashinda. Sababu za kushindwa ni nyingi na wasomi wanabishana mpaka leo, ila kwa mtunza stoo mmoja wa hapa kijiweni jawabu ni fupi: jeshi ambalo halibebi mzigo wake lina siku za kuhesabu, hata likipewa makamanda kutoka mbinguni. Hatukubaliani naye kwa yote, lakini juu ya mizigo hatuna cha kumjibu.

Maji yakifika juu bado hayajawa ya kunywa. Kuchemsha kunatosha yakitokota dakika moja kamili (milimani zaidi ya mita 2,000, dakika 3), lakini kuchemsha lita 500 kunakula kuni na kunatoa moshi. Kwa hiyo hutumika klorini. Ile ya kufulia yenye nguvu ya asilimia 5, isiyo na manukato, ni matone 2 kwa lita ya maji maangavu. Kwa dumu zima ni matone 40, chini kidogo ya nusu kijiko cha chai. Maji ya tope huchujwa kwanza kwa kitambaa kilichokunjwa mara nne, na dawa huongezwa mara mbili. Kisha husubiriwa dakika 30, na dakika hizo 30 ndizo zinazowashinda askari. Mtu ametoka kupanda mlima, ulimi umekauka, anatia dawa na kunywa hapo hapo. Amekunywa vimelea pamoja na klorini.

Madumu nayo yana mambo yake. Dumu lililowahi kubeba dizeli halirudi kuwa la maji hata likisuguliwa kwa majivu wiki nzima, na ugali wake utaujua. Stoo makini hupaka madumu ya mafuta rangi nyekundu shingoni. Stoo mbovu hutegemea pua ya mbebaji saa 11 alfajiri.

Kuhusu kipindupindu hatuhitaji kuwaeleza watu wa mkoa huu. Mei 2015 wakimbizi kutoka Burundi walijazana Kagunga, kijiji kilichobanwa kati ya mlima na ziwa, na meli ya MV Liemba ikawa inawasafirisha kuwaleta mjini. Waliougua walihesabiwa kwa maelfu. Kikosi kilichokaa kilimani bila vyoo kina sifa zile zile: watu wengi, eneo dogo, chanzo kimoja cha maji. Katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, 1861 hadi 1865, kwa kila askari watatu waliokufa wawili waliuawa na magonjwa, kuhara kukiwa mbele. Risasi ilikuja nyuma.

Kwa hiyo choo ni kazi ya kijeshi, na kina vipimo. Mtaro una upana wa sentimita 30, kina sentimita 75, urefu sentimita 120. Wanachuchumaa wawili kwa wakati. Kombania ya watu 100 inahitaji mitaro miwili. Huchimbwa upande wa mteremko ulio mbali na maji, angalau mita 30 kutoka kisimani na mita 100 kutoka jikoni. Udongo uliotoka huachwa pembeni pamoja na chepe, kila mtu afukie chake kabla ya kuondoka. Ukibaki sentimita 30 kujaa, mtaro unafukiwa, unashindiliwa, unawekwa alama, na mwingine unachimbwa. Uzembe wa kawaida ni kusubiri ujae ndipo uchimbwe mpya, na kwa siku hizo mbili tatu watu wanakwenda vichakani. Nzi hawasubiri.

Usiku ndiyo shida yenyewe. Mtu aliyebanwa na tumbo saa nane hawezi kwenda mita 100 gizani na kurudi salama mbele ya walinzi wenye hofu. Kuna askari waliopigwa na wenzao wakitoka chooni. Suluhisho halina heshima lakini linafanya kazi: kila handaki lina kopo lenye mfuniko, linatolewa alfajiri na kufukiwa. Ambaye hana budi kutoka hufuata kamba iliyofungwa toka handakini hadi chooni, na mlinzi ameambiwa kwa jina nani ametoka.

Jikoni kuna hesabu kama za maji. Watu 100 kwa siku ni unga kilo 50, maharage kilo 15, mafuta lita 4 na chumvi kilo moja. Mpishi anaanza saa nane usiku, kwa sababu moshi wa mchana ni barua ya mwaliko kwa watu wa mota (mizinga midogo ya kurusha mabomu) wa upande wa pili. Moto wenyewe huwashwa shimoni. Unachimba shimo la kuingia sufuria, unachimba jingine dogo umbali wa hatua moja upande unaotoka upepo, unayaunganisha kwa njia ya chini. Hewa inaingia kwa shimo dogo, moto unawaka kwa nguvu, moshi unakuwa kidogo na mwanga hautoki. Kuni ziwe kavu, unene wa kidole gumba. Kuni mbichi hutoa moshi mweupe unaosimama kama mnazi juu ya bonde lisilo na upepo.

Maharage ndiyo adui wa mpishi. Yasiyolowekwa yanachukua saa tatu na zaidi, na kuni zake ni mzigo wa watu wawili. Yakilowekwa tangu jioni muda unapungua sana, ila hapo umetumia tena maji. Dagaa wakavu wa ziwa letu wana sifa ambayo hatuisemi kwa kuwa ni wetu: ni wepesi kubeba, wanakaa, wanaiva mara moja, na mtu akikatwa na chakula cha moto anaweza kuwatafuna hivyo hivyo. Ubaya wao ni kiu. Mpishi akitoa dagaa siku ambayo msafara wa maji haukwenda, atasikia matusi ya kila kabila.

Muhogo unahitaji tahadhari yake. Ule mchungu hulowekwa siku 3 kamili, ukaanikwa, ndipo ukatwangwa. Njaa ikibana watu hukata siku, wanaloweka usiku mmoja au hawaloweki kabisa, na sumu inabaki. Anayekula hivyo kwa majuma, bila nyama wala samaki wala maharage, anaweza kuamka siku moja miguu imekakamaa, na haiponi. Mwaka 1981 huko Nampula, Msumbiji, wakati wa ukame, watu zaidi ya 1,000 walipata ugonjwa huo unaoitwa konzo. Kikosi kinacholishwa unga wa kuokoteza vijijini kiko kwenye njia hiyo hiyo.

Miguu, chawa na malaria tuvipitie haraka, ingawa tabibu wetu amenuna. Wakati wa mvua zetu za Novemba hadi Aprili, mguu uliokaa kwenye buti lenye maji siku mbili unakunjamana na kuwa mweupe, unauma kama umechomwa, na ngozi ya kisigino inabanduka. Tiba yake ni soksi kavu jozi moja, inayotunzwa ndani ya shati tumboni, na kamanda anayelazimisha kila mtu kuvua buti mara moja kwa siku mbele yake. Anayevaa kandambili kuepuka hilo anapata funza. Chawa wa nguo hukaa kwenye mshono, kwa hiyo kuoga bila kuchemsha nguo ni kuwaogesha na wao; 1996 na 1997 homa ya chawa iliuguza makumi ya maelfu ya watu katika kambi za waliohama makwao Burundi. Malaria: dawa mseto ni vidonge 4 mara mbili kwa siku kwa siku 3, jumla 24, dozi ya pili ikiwa saa 8 baada ya ile ya kwanza, na huliwa pamoja na kitu chenye mafuta. Askari huacha siku ya pili homa ikishuka, vidonge vilivyobaki anaviweka mfukoni "kwa ajili ya baadaye". Baadaye huja wiki mbili tatu mbele, na vidonge vimeshaloa.

Handaki lenyewe halijengwi likaisha. La watu wawili lina urefu wa bunduki mbili, kama mita moja na robo tatu, upana sentimita 60, kina hadi kwapani kwa yule mrefu. Mfupi huachiwa kidaraja cha udongo cha kusimamia. Paa ni magogo, turubai, na udongo wa sentimita 45 juu yake. Watu huwa na haraka kwenye magogo. Yanapaswa kulalia ardhi ngumu, kurudi nyuma sentimita 30 au zaidi kutoka ukingo wa shimo. Wakikata mafupi yakakalia ukingo, mvua ya kwanza inalainisha ukuta, uzito wote unashuka, na waliolala ndani hawahitaji kuzikwa tena. Viroba vya mchanga hujazwa robo tatu tu ili vilale na kubanana. Vilivyojazwa pomoni vinaviringika na kuacha nafasi katikati, risasi inapita. Halafu jua linavila. Kiroba cha plastiki baada ya miezi michache ya jua kinapasuka ukikigusa, kwa hiyo kila wiki kuna fatiki, kazi ya mikono ya pamoja, ya kubadilisha.

Usingizi sasa. Seksheni ina watu 10. Kamanda na msaidizi wake wanazunguka kukagua, wanabaki 8. Lindo linataka watu wawili kwa wakati, kuanzia saa mbili usiku hadi saa kumi na mbili alfajiri, yaani muda wa saa 10. Kwa wawili ni saa 20 za ulinzi, ukigawa kwa 8 kila mmoja anapata saa mbili na nusu. Inasikika kama si kitu. Lakini zamu ni ya saa moja, kwa sababu macho yanayokodolea giza kupita hapo huanza kuona vichaka vinatembea. Kwa hiyo anaamshwa mara mbili au tatu kwa usiku. Tena wawili hawabadilishwi pamoja. Anaingia mmoja, nusu saa baadaye anabadilishwa wa pili, ili daima pawe na mmoja ambaye macho yake yameshazoea, maana jicho lililotoka usingizini au kwenye mwanga huchukua kama dakika 30 kuona vizuri gizani. Sekunde mbili za kioo cha simu zinarudisha hesabu mwanzo. Zamani ilikuwa kiberiti, leo ni ujumbe wa mpenzi.

Malaria ikalaza watatu, waliobaki ni 5, na kila mmoja ana saa 4 za lindo. Kesho yake wale wale ndio wabeba maji. Usiku wa tano wa hesabu hiyo mtu anasinzia akiwa wima, macho wazi, na ukimuuliza anaapa kwamba hakulala. Kamanda anayemchapa mtu huyo anajipunguzia walinzi. Mwenye busara anafunga lindo moja na kusogeza mahandaki yakaribiane.

Hayo yote yapo kwenye vita yoyote. Vita ya wenyewe kwa wenyewe ina la ziada: adui anasema lugha yako, amevaa kombati ile ile, bunduki ni ile ile, pengine mlisoma darasa moja. Sauti gizani inayosema "ni sisi" haina maana. Kwa hiyo neno la siri huwa jozi, la kuuliza na la kujibu, na hubadilishwa kila saa 24. Maneno hayatakiwi kuitana. Ukiuliza "jembe" na jibu ni "shamba", hata mtoto atapatia. "Jembe" na "sufuria" ni afadhali. Halitumwi kwa redio hata siku moja, maana redio za pande zote zimenunuliwa soko moja. Makosa hutokea saa ya kubadilisha: msafara umeondoka na neno la jana, unarudi jioni neno limekufa. Vitambaa vya rangi mkononi husaidia kwa siku moja au mbili, mpaka mmoja atekwe.

Kabla ya doria kila mfuko hupinduliwa: barua, picha, vitambulisho vyote vinabaki. Juni 1965 shambulio la watu wa Guevara dhidi ya ngome ya Bendera, ng'ambo hiyo hiyo, lilishindwa. Miongoni mwa waliouawa walikuwemo Wakuba, na shajara iliyookotwa kwa mmoja wao ikafichua kwamba Wakuba wako Kongo.

Lugha moja inazaa pia urafiki wa ajabu. Majira ya baridi ya 1862 kuingia 1863, walinzi wa pande mbili za mto Rappahannock huko Marekani walikuwa wakirushiana vijiboti vya mbao: wa Kaskazini wakituma kahawa, wa Kusini wakirudisha tumbaku. Makamanda hawapendi, na wana sababu. Askari aliyemjua jirani kwa jina anachelewa kufyatua, na mazungumzo yale hutoa siri bila mtu kukusudia: "leo hatujala" ni taarifa ya kijeshi.

Hiyo ni sababu mojawapo ya vikosi kupokezana. Kupokezana hufanyika usiku, na ndio usiku mbaya kuliko yote, kwa kuwa handaki moja lina watu mara mbili, kelele zinaongezeka, na anayejua anaondoka huku asiyejua akiingia. Anayetoka anapaswa kumkabidhi mwenzake kipande cha karatasi chenye umbali wa kila mti na jiwe la mbele, njia ya maji, kilipo choo kilichofukiwa, na zaidi ya yote yalipo mabomu waliyotega wenyewe. Karatasi ikipotea, mabomu yanabaki bila mwenyewe. Vita vya Msumbiji viliisha 1992. Nchi hiyo ilitangazwa kuwa imesafishwa mabomu ya ardhini mwaka 2015. Miaka 23, na sababu mojawapo ni karatasi ambazo hazikuandikwa au hazikukabidhiwa.

Sasa turudi kwenye boti. Unga ukikosekana siku ya kwanza, mpishi anapunguza kipimo. Siku ya pili wanauza betri, sabuni na makoti. Siku ya tatu wanashuka mashambani, mwanzoni wakiomba, halafu wakichukua. Mshahara ukikosekana miezi miwili, kizuizi kinawekwa barabarani na kila baiskeli inalipishwa. Kazi ya maji ikiwashinda, wanakamata vijana wa kijiji wawabebee madumu, na vijana wanaobeba madumu ya upande mmoja wanahesabiwa na upande wa pili kuwa maadui. Hapo kijiji kinahama. Kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, mkoani kwetu, ilifunguliwa 1996 kwa ajili ya watu wa Kongo, na mpaka leo bado iko.

Kwa hiyo Mhariri, ombi letu ni dogo. Mwandishi wako akienda ziwani watu wanaposhuka, asiwaulize tu kama wamesikia milio. Awaulize askari wa kwao walikuwa wakichota maji wenyewe au wakiwakamata watu kuchota. Lori la unga waliliona lini mara ya mwisho, na siku hizi askari wananunua mihogo au wanachukua. Kikosi kilichopo ni kile kile cha mwezi jana, au wamekuja wengine wasiojua njia. Mama aliyebeba mtoto mgongoni anajua majibu yote hayo, na anaweza kuyataja kwa tarehe ya gulio.

Wastaafu wa kijiwe cha kahawa,
Mwanga, Kigoma